Ameiona Nani? Maoni juu ya Kufundisha Nyota Jirani Yetu

Katika mojawapo ya ziara zetu za kukagua mazoezi ya kufundisha, tuliketi nyuma ya Darasa la Sita katika shule moja ya kijijini, tukamsikiliza mwanachuo wa mwaka wa pili akifundisha somo la jua na sayari. Andalio lake la somo lilikuwa safi. Ubao aliugawa vizuri, sauti yake ilifika mpaka dirisha la mwisho, na ukutani alikuwa ametundika chati aliyoichora mwenyewe juu ya mfuko wa sandarusi. Alipokwisha kuzitaja sayari zote 8, zilikuwa zimebaki dakika kama 5 hivi, naye akataka kuwapa watoto jambo la kuwafurahisha kabla ya kengele. Akawaambia kwamba wataalamu wamegundua dunia nyingine kama hii yetu katika nyota iliyo jirani na jua, kwamba ina maji, na kwamba siku moja watu watahamia huko.

Msichana mmoja aliyeketi karibu na mlango akanyosha kidole.

"Mwalimu, ameiona nani?"

"Wataalamu."

"Wameionaje?"

"Kwa darubini. Kaa chini."

Kengele ikalia, watoto wakasimama, nasi tukajaza fomu zetu. Fomu hizo msomaji atazifahamu punde, kama bado hajazifahamu: zina mahali pa maandalizi, mahali pa matumizi ya ubao, mahali pa sauti, pa zana, pa nidhamu ya darasa na pa kuwashirikisha wanafunzi. Kijana yule tulimpa alama za juu kila mahali. Hata pale pa kuwashirikisha wanafunzi tulimpa alama za juu, kwani si mwanafunzi alikuwa ameuliza maswali mawili! Tulikuwa njiani kurudi chuoni mmoja wetu alipouliza kama yule msichana alikuwa amejibiwa. Tulinyamaza kwa muda mrefu. Kwa hakika hakujibiwa, na lililo baya zaidi ni kwamba aliambiwa mambo yasiyo kweli. Hakuna mtu aliyeiona sayari ile kwa darubini. Hakuna ajuaye kama ina maji. Na habari ya kuhamia huko haina msingi wowote. Kijana hakukusudia kudanganya. Alikuwa amesoma habari mahali fulani akaiamini. Sisi tuliokuwa tumekaa nyuma na kalamu mkononi ndio tuliopaswa kulitambua kosa, nasi tuliliandikia "Vizuri sana".

Ndiyo maana tumeonelea tuandike maoni haya. Twashikilia kwamba nyota jirani yetu yafaa kufundishwa katika shule ya msingi, lakini isifundishwe kama kitafunio cha mwisho wa kipindi. Ifundishwe ili swali la yule msichana lipate kujibiwa.

Tunajua kuna wenzetu watakaotucheka. Watasema kwamba mtoto anayekalia tofali, asiyeweza bado kugawanya kwa tarakimu mbili, hana haja ya kusumbuliwa kwa nyota iliyo umbali wa kilometa milioni milioni 40. Hoja hiyo si ya kupuuzwa, na wanaoitoa aghalabu ni walimu hodari. Lakini tukiitazama kwa makini tutaona kwamba ina kasoro. Mtoto yule hakusubiri ruhusa yetu ili aanze kuzitazama nyota. Huzitazama kila siku atokapo nje usiku, na katika jambo hili amepewa kilicho bora kuliko walichopewa watoto wengi wa nchi tajiri. Mtu aliye London haioni nyota hii kamwe, hata angekuwa na darubini ya bei ya jumba zima, kwa sababu huko haipandi juu ya upeo wa macho. Mtoto wa Mwanza huiona kwa macho yake matupu akiwa amesimama mlangoni pa jiko la mama yake. Zana ya kufundishia iliyo bora namna hii, isiyohitaji fedha wala barua ya kuomba vifaa, kuiacha ni ubadhirifu.

Basi tuitaje. Nyota iliyo karibu nasi kupita zote ni jua, na mtoto anayejibu hivyo amejibu sawa, asikatwe alama. Baada ya jua linafuata kundi la nyota tatu liitwalo Alpha Centauri. Mbili kati yake, A na B, zimekaribiana hata jicho huziona kuwa moja. Aliyetambua kwa darubini kuwa ni mbili ni Jean Richaud, padre Mfaransa aliyekuwa Pondicherry, India, mwaka 1689. A ni kubwa kidogo kuliko jua letu, B ni ndogo kidogo, nazo huzungukana mara moja kwa miaka ipatayo 80. Ya tatu ni nyota ndogo nyekundu iitwayo Proxima, neno la Kilatini lenye maana ya iliyo karibu zaidi. Uzito wake ni kama sehemu moja ya nane ya uzito wa jua, na nuru yake ni hafifu mno hata jicho haliwezi kuiona. Hata hivyo ndiyo iliyotangulia wenzake kwa ujirani: iko umbali wa miaka ya nuru 4.24, hali A na B ziko 4.37.

Mwanachuo atakayetaka kuionyesha Alpha Centauri atoke nje mwezi wa Juni, kati ya saa 2 na saa 4 usiku, aelekee kusini. Ataona nyota mbili zenye kung'aa sana, zikifuatana kama vidole viwili vinavyoelekeza kwenye kundi la Msalaba wa Kusini. Ile iliyo mbali zaidi na Msalaba, na yenye kung'aa kuliko mwenzake, ndiyo Alpha Centauri. Hapa kwetu huwa juu ya upeo wa macho kwa kiasi cha ngumi tatu zilizopangwa moja juu ya nyingine, mkono ukiwa umenyoshwa. Na asiondoke upesi hapo, kwa kuwa pana somo zima katika nyota hizo mbili. Kwa macho zaonekana kuwa ni ndugu waliosimama bega kwa bega. Kumbe ya kwanza iko umbali wa miaka ya nuru 4 na kitu, na ya pili, Beta Centauri, iko karibu miaka ya nuru 400. Watoto wengi, na watu wazima pia, hudhani kwamba nyota zote zimegongomelewa juu ya dari moja, kama matundu ya misumari yapitishayo mwanga katika bati kuukuu. Dhana hiyo haiondolewi kwa kuambiwa. Huanza kuondoka pale mtoto anapoambiwa kwamba moja ya hizo mbili anazoziona iko mbali kuliko nyingine mara 90 hivi, naye akauliza: mmejuaje?

Kabla ya kulijibu hilo, tuseme neno juu ya "mwaka wa nuru". Tumesahihisha majaribio ya wanachuo wetu kwa miaka mingi, na kosa tulilokutana nalo mara nyingi kuliko yote ni kuufanya mwaka wa nuru kuwa kipimo cha wakati. Kosa hili ni la kushangaza kwa watu waliolelewa vijijini. Mzee ukimwuliza mnadani ni umbali gani atakuambia ni mwendo wa saa tatu. Hakuna mtoto anayedhani kwamba mzee ametaja saa; wote wanajua ametaja njia. Mwaka wa nuru ni usemi wa namna ile ile: ni mwendo wa mwaka mmoja, na mwendaji ni nuru, ambayo kwa sekunde moja hukata kilometa 300,000. Kutoka kwenye jua mpaka hapa hutumia dakika 8 na sekunde 20. Kutoka Proxima hutumia miaka 4 na miezi kama mitatu. Mtoto wa Darasa la Sita anayeitazama Alpha Centauri usiku wa leo anapokea nuru iliyotoka huko alipokuwa Darasa la Pili. Tumeona darasa zima likinyamaza kwa sentensi hiyo moja, nasi twawashauri wanachuo waitumie bila kuiongezea chochote.

Umbali wenyewe hauingii akilini kwa tarakimu. Tumejaribu kuandika sifuri ubaoni, watoto wakafurahia kuzihesabu sifuri wakasahau nyota. Njia iliyotufaa ni ya chungwa. Tuchukue chungwa lenye upana wa sentimeta 7 tuliweke chini ya mlingoti wa bendera, liwe jua. Dunia itakuwa punje ya mchanga isiyofika milimeta moja, hatua kumi za mtoto kutoka kwenye chungwa, yaani meta 7 na nusu. Sayari ya mwisho, Neptune, itakuwa meta zipatazo 225, nje kabisa ya uwanja wa mpira. Mpaka hapo watoto hukimbia na kushangilia. Halafu mwalimu aulize: na nyota ya pili tuiweke wapi? Watataja mtoni, watataja mjini. Ikiwa chungwa letu liko Mwanza, basi nyota ya pili, iliyopungua ikawa kama punje nene ya hindi, iko Khartoum. Umbali huo ni kilometa 2,000 kwa mstari ulionyoka, na katikati yake, ukiacha vumbi na mabonge ya barafu yaliyotawanyika, hamna kitu. Chungwa la pili na ndimu kubwa, ambazo ndizo A na B, ziko mbele zaidi, kilometa kama 100 kutoka kwenye ile punje ya hindi, zenyewe zikiachana kwa meta 84 zinapokaribiana na meta 270 hivi zinapotengana.

Mwanachuo asipeleke somo hili darasani bila kupiga hesabu hizi mwenyewe kwa penseli. Tunasema hivyo kwa sababu tumepata kumwona mmoja aliyeazima mfano wa chungwa kutoka kwa mwenzake, akaleta boga badala ya chungwa, akaacha vipimo vingine vyote vilevile.

Sasa: wamejuaje? Hapa ndipo somo lenyewe lilipo, na hapa ndipo tunaposikitika kuona vitabu vingi vikipita haraka. Mwambie mtoto anyoshe mkono, asimamishe kidole gumba, afumbe jicho moja kisha jingine. Kidole kitaonekana kuruka kutoka upande huu hadi upande huu mbele ya ukuta. Akikileta kidole karibu na pua, kitaruka zaidi. Akikipeleka mbali, kitaruka kidogo. Ndivyo vivyo hivyo nyota ilivyopimwa, ila jicho la kulia ni dunia mwezi wa Januari na jicho la kushoto ni dunia mwezi wa Julai, ikiwa upande wa pili wa jua. Nyota iliyo karibu huonekana kusogea kidogo mbele ya zilizo mbali. Kidogo kiasi gani? Kwa Alpha Centauri, pembe ambayo wanafalaki huitumia kupigia hesabu ni kama upana wa kidole kidogo, sentimeta 1, ukitazamwa kutoka kilometa 2.7.

Aliyeipima ni Thomas Henderson, Mskoti, katika kituo cha kutazamia nyota cha Rasi ya Tumaini Jema, huku huku Afrika, miaka ya 1832 na 1833. Vipimo alikuwa navyo, lakini aliogopa kuvitangaza. Pembe ilikuwa ndogo mno, na watu waliomtangulia walikuwa wametangaza pembe kama hizo wakaja kuaibika. Alirudi kwao, akakaa akivipitia na kuvipitia, na hakuvitoa mpaka mwaka 1839. Wakati huo Mjerumani Friedrich Bessel alikuwa amekwisha kuitangulia sifa kwa kutangaza, mwaka 1838, umbali wa nyota nyingine iliyo mbali zaidi. Wengine humcheka Henderson kwa kuchelewa. Sisi twapenda atajwe darasani kwa heshima.

Proxima nayo iligunduliwa katika bara hili, Johannesburg, mwaka 1915. Robert Innes alilinganisha picha mbili za sehemu moja ya anga zilizopigwa kwa kupishana miaka kadhaa, akitumia chombo cha kuonyesha moja na nyingine kwa kupokezana upesi upesi. Nyota zote zilitulia isipokuwa nukta moja ndogo iliyorukaruka. Mchezo huo unafanyika darasani kwa senti sifuri: chora karatasi mbili zenye nukta 40 mahali pale pale, nukta moja tu uihamishe kwa upana wa kucha, kisha waambie watoto waitafute. Watakapochoka, weka karatasi moja juu ya nyingine ukiifunua na kuifunika upesi. Nukta iliyohama itajitaja yenyewe.

Hebu sasa tuzirudie sayari, maana ndizo zilizomponza mwanachuo wetu. Mwezi wa Agosti 2016 kundi la wataalamu lililoongozwa na Guillem Anglada-Escudé lilitangaza kwamba Proxima ina sayari, wakaiita Proxima b. Ameiona nani? Hakuna. Picha zote tunazozikuta magazetini, zenye miamba na anga jekundu, zimechorwa na wachoraji, na tunawasihi wanachuo waliandike jambo hilo chini ya kila picha ya namna hiyo wanayoibandika ukutani. Kilichoonekana ni nyota, na nyota ilionekana ikitikisika.

Watoto wawili washikane mikono wazunguke, mmoja mkubwa wa Darasa la Saba na mwingine mdogo wa Darasa la Kwanza. Mdogo atazunguka duara kubwa, lakini hata yule mkubwa hatatulia mahali pamoja, atayumba. Sayari huiyumbisha nyota yake vivyo hivyo. Na kuyumba huko kunatambuliwaje? Basi likija kwa kasi huku likipiga honi, sauti yake huwa nyembamba, nalo likishatupita sauti hushuka ikawa nene. Nuru ya nyota ina tabia inayofanana na hiyo. Ikigawanywa katika rangi zake kama upinde wa mvua, huonekana mistari myembamba myeusi, na mistari hiyo husogea kidogo upande mmoja nyota inapotujia, na upande wa pili inapotuacha. Kwa chombo kilichofungwa kwenye darubini ya La Silla, nchini Chile, wataalamu waliiona Proxima ikitujia na kurudi nyuma kila siku 11.2, kwa kasi ya meta 1.4 hivi kwa sekunde. Hiyo ni kasi ya mtu atembeaye kwa miguu kwenda sokoni. Fikiri, mwanachuo: kitu kilicho umbali wa kilometa milioni milioni 40 kinatembea mwendo wa mtu, na mwendo huo umepimwa! Sisi tunaona kwamba habari hii yapita kwa ajabu habari zote za kuhamia huko, na ina ubora wa kuwa kweli.

Kutokana na mtikisiko huo yamejulikana mambo machache. Proxima b haipungui uzito wa dunia yetu, au huizidi kidogo. Huizunguka nyota yake kwa siku 11.2, ikiwa karibu nayo mno. Katika mfano wetu wa machungwa ingekuwa sentimeta 37 tu kutoka kwenye punje ya hindi, nasi tuko meta 7 na nusu kutoka kwenye chungwa. Kwa kuwa nyota yenyewe ni hafifu, sayari hiyo hupata joto kama theluthi mbili ya lile tupatalo sisi, na hapo ndipo lilipozaliwa neno la maji. Maana ya wataalamu ilikuwa kwamba, kama sayari ina hewa ya kutosha, yamkini maji yangeweza kukaa juu yake bila kuganda wala kukauka. Neno "kama" lilianguka njiani. Kama ina hewa, hakuna ajuaye. Na zipo sababu za kutia shaka, kwani Proxima ni nyota yenye hasira: mara kwa mara hulipuka, na mwezi wa Machi 2016 ililipuka hata kwa muda mfupi ingeweza kuonekana kwa macho matupu mahali penye giza. Milipuko ya namna hiyo yaweza kuwa imekwisha kuipeperusha hewa yote.

Tukiwa hapo kwenye mwaka wa siku 11.2, mwalimu wa hesabu naye apate chake. Mtoto mwenye umri wa miaka 10 hapa duniani angekuwa na miaka mingapi kwa kalenda ya huko? Wagawanye wenyewe, watapata 326, na watacheka kutwa.

Mwaka 2022 kundi lililoongozwa na João Faria lilitangaza sayari nyingine ya Proxima, iliyo nyepesi zaidi, yenye uzito wa kama robo ya dunia na mwaka wa siku 5 hivi. Nyingine tena ilitajwa mwaka 2020, lakini hiyo ingali inabishaniwa.

Lakini ikiwa mwanachuo ana nafasi ya kufundisha sayari moja tu, sisi twamshauri afundishe ile isiyokuwapo. Mwezi wa Oktoba 2012 ilitangazwa kwa shangwe kwamba nyota B ina sayari yenye uzito kama wa dunia, inayoizunguka kwa siku 3 na kitu. Magazeti ya dunia nzima yaliiandika. Miaka mitatu baadaye wataalamu wengine waliyachukua yale yale yaliyopimwa, wakayachambua upya, wakaonyesha kwamba alama ya sayari ilitokana na namna siku za kutazama zilivyopangwa, wala si kitu kilichoko angani. Sayari ikafutwa. Hakuna aliyefungwa, hakuna aliyefukuzwa kazi. Kazi ilisahihishwa kama daftari linavyosahihishwa, nao waliosahihisha waliweza kufanya hivyo kwa kuwa wale wa kwanza hawakuvificha vipimo vyao. Tumewahi kulisimulia jambo hili katika darasa moja, mvulana mmoja akasema, "Kumbe hata wao hukosa." Alilisema kwa furaha isiyo na kejeli, na mwalimu wa darasa hilo alituambia kwamba hajapata kumwona akifungua kinywa katika somo la sayansi kabla ya siku hiyo.

Ipo habari nyingine ambayo bado ni ya moto. Mwezi wa Agosti 2024 darubini kubwa ya angani iitwayo James Webb iliielekea nyota A, ikaona nukta hafifu kando yake, ambayo yaweza kuwa sayari kubwa ya gesi, nzito kama Zohali. Ilipotazamwa tena Februari na Aprili 2025, nukta haikuonekana. Matokeo yalitangazwa Agosti 2025. Labda sayari ilikuwa imesogea karibu mno na nyota yake, ikamezwa na mwanga, labda haipo. Kiswahili chetu cha shuleni kina neno linaloifaa kuliko maneno mengi ya kitaalamu: mtahiniwa. Amekwisha kuingia katika chumba cha mtihani, amejibu maswali kadhaa, matokeo hayajatoka. Mtoto wa shule analijua hilo mpaka moyoni.

Kwa hiyo tunapendekeza kwamba, badala ya kuandika ubaoni orodha ya sayari na kuwataka watoto waikariri, mwalimu apige mistari miwili ya wima apate safu tatu: yaliyopimwa, yanayodhaniwa, yasiyojulikana. Kila jambo atakalolitaja, watoto waseme liingie safu ipi, nao watoe sababu. Siku 11.2 zinaingia safu ya kwanza. Maji yanaingia ya tatu, na ubishi utakuwa mkubwa kuhusu sayari ya nyota A. Ubishi huo mwalimu auache uendelee. Tumeonywa na baadhi ya wenzetu kwamba mwalimu kijana atakayekiri mbele ya darasa kuwa jambo halijulikani atapoteza heshima yake. Hatukubali. Heshima hupotea mtoto anapokuja kugundua, baada ya miaka, kwamba aliambiwa "kaa chini" kwa swali ambalo mwalimu wake hakuwa na jibu lake. Tofauti ni kwamba anayesema "sijui mimi" hana budi kwenda kusoma, na anayesema "haijulikani bado" hana budi kuwa amekwisha kusoma. Mwanachuo asiyachanganye hayo mawili kwa kujificha.

Na kuhusu kuhamia huko, jibu litafutwe kwa hesabu. Chombo kiitwacho Voyager 1, kilichorushwa na Wamarekani mwaka 1977, huenda kilometa 17 kwa sekunde. Hakielekei Proxima, lakini kama kingeelekea, kwa mwendo huo kingetumia zaidi ya miaka 70,000. Darasa la Sita laweza kulipata jibu hilo lenyewe kwa kuzidisha na kugawanya, kipindi kizima kikatumika, na hakuna atakayesema kuwa siku hiyo hesabu hazikufundishwa.

Tulirudi katika shule ile baada ya majuma mawili, kwa ukaguzi wa pili. Tulikuwa tumekwisha kuzungumza na mwanachuo wetu, tukamweleza kosa lake na letu, naye alilipokea kwa unyenyekevu kuliko sisi. Alianza kipindi kwa kusema mbele ya darasa kwamba safari iliyopita alisema jambo asilokuwa na hakika nalo. Akamwita yule msichana mbele, akampa karatasi mbili za nukta 40, akamwambia: "Uliniuliza ameiona nani. Tafuta nukta iliyohama." Msichana alitafuta kwa dakika nne. Ubao siku hiyo ulikuwa umejaa na kuchafuka, kipindi kilizidi muda wake kwa robo saa, na mwalimu wa somo lililofuata alisimama mlangoni akisubiri. Fomu yetu haikuwa na mahali pa kuyaandika hayo. Tuliigeuza, tukaandika nyuma.